Mikhail Lomonosov: mutoto wa mvuvi aliyeona hewa ya Zuhura

Ukiamka mapema, mbele jua halijatoka, kuna miezi unaona nyota moja inaangaza kupita zote. Wengi tunaiita nyota ya asubuhi. Lakini si nyota: ni Zuhura, sayari jirani yetu, yenye ukubwa karibu sawa na dunia. Mtu anayetajwa mara nyingi kuwa wa kwanza kutambua kwamba nayo iko na hewa alikuwa mutoto wa mvuvi. Leo, mpenzi msomaji, tunakusimulia maisha yake.

Mikhail Lomonosov alizaliwa mwaka 1711 katika kijiji kimoja karibu na Kholmogory, kaskazini ya Urusi, kwenye baridi kali. Tangu udogo alikuwa anaenda baharini na baba yake kuvua. Mama yake alikufa mapema, na mama wa kambo hakupenda kumuona akikaa na vitabu. Vile vichache vya kijijini vikamwishia.

Mwezi wa 12 wa 1730, akiwa na miaka 19, aliacha nyumbani, akafuatana na msafara wa samaki mpaka Moscow, zaidi ya kilometa 1.000 mu theluji. Kule akakuta shule aliyoitaka haipokee watoto wa wakulima. Basi akasema uongo: akajiandikisha kama mutoto wa familia yenye cheo. Alikaa darasani na watoto wadogo waliomcheka, akaishi na kopeki 3 tu kwa siku. Baadaye, ili achukuliwe kwa safari fulani, alijiita mutoto wa padri. Walipotaka kuhakikisha, ikabidi aseme ukweli. Wangeweza kumfukuza, masomo yaishie pale. Hawakumfukuza, kwani akili yake ilikuwa imekwisha kuonekana.

Mwaka 1736 alitumwa kusoma Ujerumani. Alirudi Saint Petersburg mwaka 1741, na mu 1745 akawa profesa wa kemia. Aliandika mashairi, na alisaidia sana kuanzisha chuo kikuu cha Moscow mwaka 1755. Alikuwa pia mtu wa hasira: aligombana na wenzake wa Akademia mpaka akafungwa miezi kadhaa.

Mwaka 1761 Zuhura ilipita kati ya dunia na jua, kama kadoa keusi juu ya jua. Jambo hilo ni adimu: la mwisho lilikuwa 2012, na lingine litangojewa mpaka 2117. Wataalamu wengi walisafiri mbali ili wapime saa ya kuingia na ya kutoka, juu ya kuhesabu umbali wa jua. Lomonosov yeye alibaki nyumbani na darubini ndogo, akaangalia ukingo wa jua.

Zuhura ilipokaribia kuingia, ukingo ule uliokuwa safi ukawa kama na ukungu. Ilipokaribia kutoka, ukingo ukavimba kidogo kama lengelenge. Akafikiri: mwanga unapindwa na kitu, kama vile kasia ukilitia mu maji linaonekana limevunjika. Kitu hicho ni hewa, tena nzito kama ya dunia ao kuipita.

Aliandika hayo mwaka huohuo katika kijitabu cha Kirusi na cha Kijerumani, lakini nje ya Urusi hakikusomwa sana. Alikufa mwaka 1765, na miaka 53 tu. Sifa zikawaendea wengine walioichunguza Zuhura miaka 30 nyuma yake. Hata leo kuna wanaobisha kama darubini yake iliweza kuonyesha hewa ile. Mu 2012 watu kadhaa walijaribu na darubini za zamani, wakaona kweli uzi wa mwanga kuzunguka Zuhura.

Ila hakuweza kujua ni hewa ya namna gani. Mwaka 1970 chombo Venera 7, kilichotumwa na Umoja wa Kisovyeti, kilitua juu ya Zuhura na kutuma habari dakika 23 tu. Kule joto linapita digrii 460, na hewa inakandamiza karibu mara 90 kupita huku kwetu. Karibu yote ni gesi karboni, ile ile ya mazuku inayoua watu na mifugo mu mabonde ya karibu na Goma. Gesi hiyo inaacha mwanga wa jua uingie, lakini inazuia joto lisitoke, kama blanketi. Njo maana Zuhura inaunguza hata usiku.

Kwa hiyo, kesho asubuhi ukiiona inaangaza, ujue si ardhi yake unaona. Ni mawingu ya ile hewa, yanayorudisha mwanga wa jua mpaka kwetu.