Tusimhukumu McDaniel kwa aproni aliyovishwa

Wanafunzi wa fasihi wamezoea kuulizwa katika mtihani wamjadili mhusika mkuu. Mhusika msaidizi, yule afunguaye mlango, aandaaye meza kisha akatoweka jikoni, aghalabu hutengewa aya moja ya mwisho, tena ikiwa muda umebaki. Katika sinema mambo ni hayo hayo. Kwa hiyo si ajabu kwamba wengi wetu hatujapata kuyatafakari maisha ya Hattie McDaniel, mwigizaji Mweusi wa Marekani aliyefariki mwaka wa 1952. Mama huyu aliigiza watumishi wa nyumbani karibu katika kila filamu aliyoshiriki. Alituzwa kwa kazi hiyo, na kwa kazi hiyo hiyo akalaumiwa. Ni vyema tujiulize kama lawama ilimfikia aliyestahili.

McDaniel alizaliwa Wichita, katika jimbo la Kansas, mwaka wa 1893, akiwa kitindamimba wa familia ya watoto 13. Babake, Henry, alizaliwa utumwani na baadaye akapigana upande wa majeshi ya Kaskazini katika vita vya wenyewe kwa wenyewe. Familia ilihamia jimbo la Colorado na binti akakulia mjini Denver. Aliacha shule ya upili akaingia katika maonyesho ya jukwaani pamoja na ndugu zake. Katika miaka ya 1920 aliimba redioni, akatunga na kurekodi nyimbo za blues.

Uchumi wa Marekani ulipoporomoka mwaka wa 1929, kazi za jukwaani zilikauka. McDaniel alijikuta Milwaukee akihudumu katika choo cha wanawake kwenye kilabu kimoja cha burudani, hadi aliporuhusiwa kupanda jukwaani na kuimba. Mwaka wa 1931 alielekea Los Angeles kutafuta riziki katika sinema. Siku ambazo hakupata sehemu ya kuigiza, alipika na kufua katika nyumba za watu. Kwa hivyo alipovishwa aproni mbele ya kamera, hakuwa akiiga maisha asiyoyajua.

Mlango wa sinema ulikuwa mwembamba mno kwa mwanamke Mweusi wa wakati ule. Alikubaliwa kama mpishi, dobi au yaya, na pengine jina lake halikutajwa kabisa katika orodha ya waigizaji. Hata hivyo, McDaniel alijua kuutumia mwanya mdogo. Katika filamu ya Alice Adams ya mwaka wa 1935, aliigiza mtumishi aliyekodiwa kwa jioni moja na familia inayojifanya tajiri kuliko ilivyo. Kwa mwendo wake mzito na uso wake uliochoka, aliifichua dhihaka yote ya karamu ile. Mtazamaji alicheka, lakini waliochekwa walikuwa mabwana.

Kilele cha safari yake kilikuja mwaka wa 1939 katika Gone with the Wind, filamu iliyotokana na riwaya ya Margaret Mitchell. Humo aliigiza yaya mtumwa katika shamba la pamba huko Georgia. Filamu ilipozinduliwa Atlanta mwezi wa Desemba mwaka huo, hakuhudhuria, kwa kuwa sheria za ubaguzi za Georgia zilimfungia njia. Februari 29, 1940, alishinda tuzo ya Oscar ya mwigizaji msaidizi wa kike, akimpiku Olivia de Havilland wa filamu hiyo hiyo. Alikuwa mtu Mweusi wa kwanza kuipata Oscar. Lakini hoteli ya Ambassador, mahali pa sherehe, haikuwakubali wageni Weusi. Mtayarishaji David O. Selznick alilazimika kumwombea ruhusa ya kuingia, naye akaketishwa kwenye meza ndogo ya kando, mbali na waigizaji wenzake.

Hapo ndipo lawama zilipopamba moto. Chama cha kutetea haki za Weusi, NAACP, chini ya katibu wake Walter White, kiliishinikiza Hollywood iache kuwaonyesha Weusi kama vijakazi na wachekeshaji tu. McDaniel na wenzake walihofia kwamba hata sehemu hizo chache zingepotea pasipo nyingine kuja mahali pake.

Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni. White na wenzake walikuwa na hoja nzito. Filamu ile iliupamba utumwa, ikawaonyesha watumwa kana kwamba waliridhika na minyororo yao. Yaya yule hana hata jina lake mwenyewe. Anaitwa kwa kazi anayowafanyia wengine, wala hatuambiwi ana mume, mtoto au kwao. Hata hivyo, si McDaniel aliyeiandika hati ile. Hakuwa na studio wala fedha za kutengeneza filamu. Kumtwika yeye mzigo wa watunzi na matajiri wa sinema ni kumwacha mwizi na kumkamata mpita njia.

Zaidi ya hayo, nje ya skrini mwanamke huyu hakuwa msaidizi wa mtu. Alinunua nyumba katika mtaa wa Los Angeles uliofahamika kama Sugar Hill, ambako hati za mashamba zilikataza Weusi kumiliki nyumba. Baadhi ya majirani Wazungu walikwenda mahakamani ili yeye na wenzake waondolewe. McDaniel aliwakusanya majirani Weusi wakajitetea kwa pamoja, wakiwakilishwa na wakili Loren Miller, na mwaka wa 1945 jaji akaamua kwamba walikuwa na haki ya kukaa. Miaka mitatu baadaye, katika kesi nyingine, Mahakama ya Juu ya Marekani iliamua kuwa mahakama haziwezi kutekeleza makatazo ya namna hiyo. Msomaji ajuaye jinsi Nairobi ya wakoloni ilivyogawanywa kwa rangi atauelewa uzito wa ushindi huo.

Mwaka wa 1947 alikuwa mhusika mkuu wa kipindi cha redio kilichoitwa Beulah. Alikuwa mtumishi tena, ila safari hii alikataa kuzungumza Kiingereza cha kuvunjwavunjwa. Kipindi hicho kilipokuwa katika runinga, alirekodi sehemu chache tu mwaka wa 1951 kabla ya maradhi kumlemea. Louise Beavers akachukua nafasi yake. Saratani ya matiti ilimuua Oktoba 26, 1952. Alitaka azikwe katika makaburi ya Hollywood, lakini hata huko Weusi walikataliwa, akazikwa kwingine. Jiwe la kumbukumbu liliwekwa Hollywood mwaka wa 1999. Tuzo yake, aliyoiachia Chuo Kikuu cha Howard, ilipotea, na nyingine ikatolewa badala yake mwaka wa 2023.

Ilichukua miaka 51 kabla ya mwanamke mwingine Mweusi, Whoopi Goldberg, kushinda Oscar ya uigizaji. Mwaka wa 2014 Mkenya Lupita Nyong'o alituzwa katika kitengo kile kile cha McDaniel, naye pia kwa kuigiza mtumwa wa shamba la pamba. Lakini mtumwa wa Lupita, Patsey, ana jina, ana uchungu, na mijeledi inayomchana haikufichwa. Tofauti hiyo haikuletwa na waigizaji peke yao. Filamu ya 12 Years a Slave ilitokana na kumbukumbu za Solomon Northup, mtu Mweusi aliyetekwa na kuuzwa. Hati yake iliandikwa na John Ridley na kuongozwa na Steve McQueen, wote Weusi.

Mwalimu anapowafundisha wanafunzi kumchambua mhusika msaidizi, basi, awaongoze wamtazame pia aliyeishika kalamu. McDaniel alipewa chumba cha jikoni katika nyumba iliyojengwa na wengine, akakitumia kwa ustadi wote aliokuwa nao. Waliokuja baadaye walipata nafasi ya kuichora ramani ya nyumba yenyewe, na vijana wetu wanaotamani uigizaji wangefanya vyema kujifunza pia kuandika.