Mkama Ndume wa Pujini

Pujini ni kijiji katika kisiwa cha Pemba. Kiko upande wa mashariki, katika Wilaya ya Chake Chake. Ukitoka Chake Chake mjini kwenda huko, ni mwendo wa kilomita 10 hivi. Karibu na kijiji, si mbali na mikoko ya pwani, yako magofu ya zamani. Hapo aliishi mtawala mmoja zaidi ya miaka 500 iliyopita. Jina lake lilikuwa Muhammad bin Abdulrahman. Lakini ukiuliza njia kwa jina hilo, pengine hutaelekezwa. Uliza magofu ya Mkama Ndume, utaonyeshwa mara moja.

Jina alilopewa na watu

Kukama ni kukamua maziwa. Mfugaji hukama ng'ombe wake asubuhi. Ndume ni wanaume. Basi Mkama Ndume ni mtu anayewakama wanaume, yaani anayewakamua nguvu zao mpaka zinakwisha. Baba yake hakumwita hivyo. Hili ni jina alilopewa na watu kwa kazi alizowafanyisha.

Wasimulizi wengi humwita Mshirazi. Mji wake ulistawi katika karne ya 15, kabla Wareno hawajafika katika pwani yetu. Wareno wa kwanza walipita mwaka 1498. Habari za maisha yake hatuzipati katika kitabu alichokiandika yeye. Tunazipata kwa wazee. Mzee alimsimulia mwanawe, mwana akamsimulia wake, mpaka leo.

Ukuta wa Pujini

Mkama Ndume alitaka ngome. Akazungushia mji wake ukuta mkubwa wa udongo na mawe. Ndani ya ukuta kuna eneo la zaidi ya ekari 3, karibu sawa na viwanja viwili vya mpira. Tena akachimbisha mfereji kutoka baharini, ili vyombo viweze kusogea karibu na ngome maji yanapojaa.

Miji mingine ya Waswahili ya wakati ule ilikuwa na misikiti ya mawe, nyumba za mawe na makaburi mazuri. Lakini ngome kama ya Pujini ilikuwa jambo la nadra sana. Ngome ya Yesu ya Mombasa, ambayo watu wengi wanaijua, ilianza kujengwa na Wareno mwaka 1593. Wakati huo ukuta wa Pujini ulikwisha kuwa mzee.

Ndugu msomaji, fikiri kazi ile. Hapakuwa na gari wala trekta. Udongo ulichimbwa kwa mikono, na mawe yakabebwa na watu. Wazee husimulia kwamba Mkama Ndume hakuwaruhusu wabebaji kusimama wima. Aliwalazimisha kuketi chini na kujisogeza kwa makalio, huku mawe wameyabeba. Mtu alikwenda hivyo toka mwanzo wa njia mpaka mwisho, akarudi kuchukua jiwe jingine.

Je, ilikuwa hivyo kweli? Mjenzi yeyote ataona kwamba kazi ya namna hiyo haiendi mbio. Mtu aliyesimama hubeba mawe mengi zaidi kwa siku moja. Kwa hiyo, kama mtawala huyu alifanya hivyo, hakutaka ukuta tu. Alitaka watu wajione wadogo mbele yake. Na kama wazee wa zamani walitia chumvi kidogo, basi walitaka wajukuu wafahamu jambo hilo hilo, wala wasilisahau. Mjukuu husahau upesi kwamba babu yake alifanyishwa kazi ngumu. Lakini watu wazima wanaojikokota kwa makalio na mawe mikononi, hilo hawezi kulisahau.

Kisima cha wake wawili

Si habari zote za Mkama Ndume ni za mawe na ukali. Husimuliwa kwamba alikuwa na wake wawili, nao walioneana wivu mkubwa. Hawakutaka hata kuonana. Tabu ilikuwa majini, maana kila nyumba inahitaji maji na wanawake hukutana kisimani. Mume akafanya hivi: kisima akakigawa kwa ukuta. Mke mmoja aliteka maji toka juu kwa ndoo na kamba. Wa pili alishuka kwa ngazi mpaka kwenye maji, upande wake. Wote wawili walipata maji na hawakukutana.

Wasikilizaji hucheka wakisikia habari hii. Lakini tuitazame vizuri. Mtu aliyewatesa wanaume wa nchi nzima hakuweza kuwapatanisha watu wawili wa nyumbani kwake. Alijenga ukuta. Hiyo ndiyo njia aliyoijua. Mzee mwenye busara angewaita wote wawili, akawasikiliza mmoja mmoja, kisha pamoja. Kazi hiyo huchukua siku nyingi na haihitaji hata jiwe moja.

Kisiwani Unguja, katika miji ya zamani kama Makunduchi, wazee walioitwa watu wanne ndio walioshughulikia mambo ya ardhi na ugomvi wa watu. Mmoja hakuamua peke yake. Katika masimulizi ya Pujini husikii wazee wanne wala mmoja aliyekaa na Mkama Ndume kumshauri. Unasikia amri zake tu.

Wataalamu walipochimba

Katika miaka ya 1990 wataalamu wa mambo ya kale walichimba Pujini. Waliongozwa na Bibi Adria LaViolette wa Chuo Kikuu cha Virginia, Marekani. Walipima ukuta na kuchunguza vyungu na vitu vingine vilivyofukiwa. Waliona kwamba mji ule kweli ni wa karne ya 15, kama masimulizi yanavyoelekeza.

Chini ya ardhi kuna chumba, na hushukwa kwa ngazi. Ukutani mwa chumba hicho kuna umbo la siwa lililofinyangwa kwa chokaa. Siwa ni pembe kubwa iliyopigwa mbele ya watawala wa pwani siku za sherehe. Siwa mbili za zamani, ya Lamu na ya Pate, zimehifadhiwa Lamu mpaka leo. Kwa hiyo aliyekaa Pujini hakuwa mtu mdogo, naye alitaka jambo hilo lijulikane.

Lakini koleo la mtaalamu lina mpaka wake. Linaweza kutuambia ukuta ulijengwa lini na kwa udongo gani. Haliwezi kutuambia mbebaji alijisikiaje jioni alipolala. Kama wazee wangenyamaza, sisi leo tungefika Pujini, tungeusifu ukuta, tungemsifu aliyeujenga, kisha tungekwenda zetu.

Mwisho wake

Mwisho wa Mkama Ndume husimuliwa kwa namna nyingi. Wako wanaosema utawala wa Pujini ulivunjika Wareno walipokuja Pemba. Kaskazini ya kisiwa, huko Chwaka karibu na Tumbe, kuna magofu ya mji mwingine na kaburi la mtawala aitwaye Haruni. Wazee humtaja Haruni kuwa ni wa kizazi cha Mkama Ndume. Hata yeye husimuliwa kuwa alikuwa mkali.

Siku hizi magofu ya Pujini yanahifadhiwa na serikali. Wageni wa nchi nyingi huenda kuyatazama. Mvua za miaka mingi zimeushusha ukuta, na miti imeota juu yake. Mahali pengine ni tuta tu la udongo, na mgeni anaweza kulipita bila kulitambua. Akifuatana na mzee wa hapo, ataambiwa asimame. Ataonyeshwa ukuta ulipopita, ngazi za kushukia chini, na mahali palipochimbwa mfereji. Kisha ataelezwa jinsi mawe yalivyofika hapo.