Alexeyev: Mhandisi aliyeiinua boti juu ya maji

Kila boti iendayo kasi hupambana na adui mmoja: maji yenyewe. Maji ni mazito takriban mara 800 kuliko hewa, na kadiri injini inavyosukuma ndivyo yanavyozidi kukizuia chombo. Rostislav Alexeyev, mhandisi wa Muungano wa Kisovieti, alitumia maisha yake kumkwepa adui huyo.

Alizaliwa Desemba 1916 mjini Novozybkov, Urusi. Mwaka wa 1941, vita vikiwa vimepamba moto, alikamilisha masomo mjini Gorky kwa tasnifu kuhusu boti yenye mabawa chini ya maji. Boti hiyo ikishika kasi, mabawa huiinua hadi tumbo lake likaacha kugusa maji. Kisha, mabawa yakikaribia uso wa maji, nguvu yake ya kuinua hupungua, na chombo hujisawazisha chenyewe.

Alipelekwa kukagua vifaru katika kiwanda cha Krasnoye Sormovo, lakini hakuiacha ndoto yake. Agosti 1957, boti yake iitwayo Raketa ilisafiri kutoka Gorky hadi Kazan, kilomita 420, kwa muda wa saa saba tu. Ilifuatwa na Kometa, iliyoundwa kwa safari za baharini, ambayo iliuzwa hadi Ugiriki na Italia. Mwaka wa 1962 alitunukiwa Tuzo ya Lenin.

Hakutosheka. Alibuni vyombo vilivyopaa mita chache juu ya mawimbi, vikibebwa na hewa iliyobanwa chini ya mabawa. Jeshi lilivitaka, na kazi ikawa siri kuu. Kimoja, kilichojaribiwa katika Bahari ya Caspian kuanzia 1966, kilikuwa na uzito wa zaidi ya tani 500.

Katikati ya miaka ya 1970, chombo kingine kilikatika mkia wakati wa majaribio. Alexeyev, aliyekuwa ndani, alishika usukani mwenyewe na kukifikisha pwani. Badala ya shukrani, alivuliwa uongozi.

Alirejea kwenye usafiri wa abiria. Akijaribu kielelezo cha chombo kipya cha kuwabeba, aliumia, na akafariki Februari 9, 1980, akiwa na umri wa miaka 63.

Ofisi ya usanifu aliyoondolewa uongozini sasa inaitwa kwa jina lake.