Gustave Courbet, mtoto wa Ornans

Safari hii tunawaletea maisha ya mchoraji mmoja wa Ufaransa, juu naye alivuka mpaka, na kwao hakurudia akiwa hai.

Gustave Courbet alizaliwa mwaka 1819 Ornans, mji mdogo kwenye mto Loue, upande wa Uswisi. Baba yake alikuwa na mashamba kule Flagey. Kijana alikwenda Paris akiwa na miaka 20, akapata jina, lakini kila mara alikuwa anarudia nyumbani kuchora. Alichora mazishi ya Ornans: watu zaidi ya 40, majirani zake wenyewe, kila mmoja kwa kimo chake kamili. Ukubwa ule Paris walizoea kuwawekea wafalme na watakatifu. Nyuma yao aliweka magenge meupe ya kwao. Mwaka 1864 alichora mara nyingi pango ambamo Loue inatokea, akipaka rangi kwa kisu, sawa fundi anayelipa ukuta, mpaka jiwe likawa jiwe kweli. Mwaka huohuo alichora mwaloni wa Flagey, mti peke yake, umejaza kitambaa chote. (Sisi tunaosindikiza wanaorudi tunaelewa: mzee akifika kijijini, mara nyingi anauliza mwembe kwanza, bati baadaye.)

Halafu siasa. Mwaka 1871 aliingia katika Komini ya Paris. Ilipoangushwa, alifungwa miezi 6 juu ya mnara wa Vendôme uliobomolewa, kisha serikali ikaamua alipe gharama ya kuusimamisha upya. Julai 1873 akakimbilia Uswisi, akakaa La Tour-de-Peilz, kando ya ziwa. Toka pale mpaka Ornans hapafiki kilomita 100, ndege akiruka moja kwa moja. Alichora ziwa, alichora ngome ya Chillon, akanywa pombe kupita kiasi. Deni likapangwa: franga zaidi ya 323 000, alipe 10 000 kila mwaka, miaka 33. Alikufa tarehe 31 desemba 1877, siku moja kabla ya malipo ya kwanza.

Mifupa yake ilirudishwa Ornans mwaka 1919. Ule mwaloni ulichelewa zaidi: mchoro ulikuwa umefika mpaka Japani, na mwaka 2013 ukanunuliwa kwa euro milioni 4, watu wa kawaida nao wakichanga. Sasa uko kwenye makumbusho ya Ornans, kando ya mto uleule.