Sayyida Salme: Mirathi Bila Mlinzi

Miongoni mwa mabinti wa Sayyid Said bin Sultan, mtawala wa Unguja na Omani, hapana aliyeacha jina kama Salme. Alizaliwa mwaka 1844 katika jumba la Mtoni, Unguja, na mama yake alikuwa suria wa Kicherkesi aliyeitwa Jilfidan. Wasichana wa jumba hilo walifunzwa kuisoma Kurani, lakini kuandika kulihesabiwa ni kazi ya wanaume. Salme akajifunza kuandika kwa siri. Kalamu hiyo ndiyo iliyomponza, na kalamu hiyo ndiyo iliyomhifadhia jina.

Sayyid Said alifariki baharini mwaka 1856. Mali yake iligawanywa kwa faradhi: madeni kwanza, kisha wasia, kisha mafungu ya warithi, mwana wa kiume akipata mara mbili ya wa kike. Salme, mwenye umri wa miaka 12, alitangazwa kuwa mtu mzima ili akabidhiwe fungu lake. Mwaka 1859 kipindupindu kikamchukua na mama.

Mwaka huohuo ndugu zake walivaana. Barghash alitaka kumpokonya Majid kiti, na Salme, kijana wa miaka 15, akawa mwandishi wa barua za Barghash. Waingereza wakamsaidia Majid, uasi ukazimwa, Barghash akapelekwa Bombay. Baadaye Salme alipatana na Majid. Barghash hakulisahau jambo hilo.

Mwaka 1866 Salme, akiwa mja mzito, alitoroka kwa manowari ya Kiingereza hadi Aden. Huko, mwaka 1867, alibatizwa, akaitwa Emily, akaolewa na mfanyabiashara wa Kijerumani, Rudolph Heinrich Ruete. Wakahamia Hamburg.

Hapa, msomaji, inafaa tupambanue. Katika sheria ya Kiislamu, tofauti ya dini huzuia kurithiana. Basi kwa jamaa waliokufa baada ya mwaka 1867, dai la Salme lilikuwa na kizuizi kizito. Lakini alichorithi kwa babake kilikwisha kuwa milki yake tangu 1856, na milki haiondoki kwa sababu mwenyewe amekosana na jamaa zake. Yalikuwa mambo mawili, na yalihitaji kadhi wa kuyatenganisha. Kadhi wa Unguja, hata hivyo, aliwekwa na Sultani. Na tangu 1870, Majid alipofariki, Sultani alikuwa Barghash, ndiye mdaiwa. Angeshtaki wapi?

Mwaka huohuo wa 1870 mumewe aligongwa na tramu akafa, akamwachia watoto watatu wadogo. Mwaka 1875 Barghash alizuru London, na Salme akaenda akitaraji kuonana naye. Sir Bartle Frere akamshawishi asimwendee nduguye, kwa ahadi kwamba watoto wake wangetunzwa. Alikubali. Barghash alipoondoka, ahadi nayo ikaondoka.

Mwaka 1885 akarudi Unguja kwa merikebu ya Kijerumani, pamoja na kundi la manowari za Bismarck. Watu wa mjini walimsalimu njiani kwa furaha. Nduguye alikataa kumwona. Alichotoa ni fedha kidogo, tena kwa jina la zawadi, naye Salme akaikataa, kwani alikuja kudai haki. Manowari zile hazikuwa zake. Wajerumani walitaka Barghash aikubali himaya yao bara. Walipokwisha kulipata hilo, dai la bibi likawekwa kando.

Mwaka 1886 akachapisha kumbukumbu za maisha yake kwa Kijerumani. Mwaka 1888 akarudi Unguja tena, akatoka mikono mitupu. Akaishi Beirut hadi 1914. Uzeeni ndipo alipopewa na serikali ya Unguja posho ndogo ya mwaka, katika enzi ya Sayyid Khalifa bin Harub. Alifariki Jena tarehe 29 Februari 1924, na akazikwa Hamburg pamoja na mchanga wa Unguja aliokuwa ameuhifadhi.

Leo aliye Kenya ana mlango wa kubisha. Katiba ya 2010 inazitambua mahakama za Kadhi kwa mirathi ya Waislamu wanaokubali kuhukumiwa humo. Sheria ya Urithi inamhesabu mhalifu yeyote anayeingilia mali ya marehemu bila idhini. Anaweza kutozwa faini au kufungwa hadi mwaka mmoja. Na tangu 2015 anayetishwa na jamaa yake anaweza kuiomba mahakama amri ya ulinzi, na polisi wana wajibu wa kumsaidia.

Wapo wajane na mayatima wasioijua milango hiyo, wanaokwenda kwa mkubwa fulani awatetee. Salme alikwenda kwa wakubwa wa mataifa mawili. Kila mmoja alimlinda muda ule alipomfaa, kisha akamwacha ufukweni. Amri ya hakimu haina budi kutiiwa hata na asiyempenda mdai. Hisani ya mkubwa hukoma siku haja yake inapokwisha.