Mlima, Mto na Mtawala: Maisha ya Moshoeshoe katika Somo la Historia na Jiografia

Katika ramani ya Afrika ipo nchi moja ambayo wanafunzi hawaachi kuiulizia. Nayo ni Lesotho, nchi ndogo iliyozungukwa pande zote na Afrika Kusini. Wengi wetu tumezoea kulijibu swali hilo kwa sentensi moja, kwamba ndivyo wakoloni walivyokata mipaka, kisha tukaendelea na somo. Jibu hilo si la uongo mtupu, lakini lina hatari: linamfundisha mwanafunzi kwamba Mwafrika hakuwa na mkono katika kuifanya ramani ya bara lake. Madhumuni ya makala haya ni kuonyesha kwamba maisha ya Moshoeshoe wa Kwanza, yakisimuliwa huku ramani ikiwa mbele ya darasa, hutoa jibu lililo kamili zaidi, na pia huyaunganisha masomo mawili ambayo ratiba ya shule imeyatenga.

Moshoeshoe alizaliwa yapata mwaka 1786 huko Menkhoaneng, kaskazini mwa Lesotho ya leo. Baba yake, Mokhachane, alikuwa mkuu wa kijiji tu katika ukoo mdogo wa Mokoteli. Jina lake la utotoni lilikuwa Lepoqo. Hili la Moshoeshoe alilipata ujanani baada ya kuteka ng'ombe wa mkuu mmoja wa jirani, nalo laiga mlio wa wembe unaponyoa ndevu. Masimulizi ya Wasotho yasema kwamba kijana huyo mwenye hasira kali alipelekwa kwa mzee Mohlomi, mganga na mwenye hekima, naye akamfunza kwamba utawala hujengwa kwa amani na kwa kuwasaidia maskini. Mwalimu asiipite sehemu hii haraka, maana hapa mwanafunzi aona kwamba shujaa hakuzaliwa akiwa na busara, alifundishwa.

Miaka ya 1820 ilileta dhiki kubwa katika nchi zile, dhiki ambayo Wasotho huiita lifaqane. Vita vilivyohusiana na kupanuka kwa dola ya Wazulu, ukame, na uvamizi wa watekaji wenye bunduki na farasi kutoka upande wa koloni la Rasi vilizing'oa jamii nyingi katika makao yao. Wanahistoria wangali wakijadiliana juu ya uzito wa kila sababu, na inafaa wanafunzi wa madarasa ya juu waujue mjadala huo. Wakati huo Moshoeshoe alikuwa katika mlima wa Butha-Buthe. Huko Watlokwa walimzingira hata watu wake wakapatwa na njaa. Akatambua kwamba mlima ule haufai, akatuma wajumbe kutafuta mwingine.

Mwezi wa Julai mwaka 1824 aliwaongoza watu wake kuelekea kusini. Hapo tuwakumbushe wanafunzi kwamba katika nchi ile Julai ni kipupwe chenye baridi kali, na kwamba wazee, watoto na ng'ombe walitembea katika baridi hiyo. Njiani Peete, babu yake Moshoeshoe, alikamatwa na watu ambao njaa ilikuwa imewafanya wale nyama ya binadamu, akauawa. Baadaye watu hao walipoletwa mbele yake, wengi walitaka wauawe. Masimulizi yasema alikataa, akieleza kwamba matumbo yao yamekuwa kaburi la babu yake, na kaburi halichafuliwi. Akawafanyia tambiko la kuwatakasa, akawapa nafasi ya kuishi kama watu.

Mlima walioufikia ni Thaba Bosiu, yaani Mlima wa Usiku. Hapa ndipo jiografia inapopaswa kushika usukani. Thaba Bosiu si mlima mrefu: kutoka bondeni hadi juu ni mita zaidi ya 100 tu. Nguvu yake ni umbo lake. Juu ni bapa na papana, mahali pa kujenga, kulima kidogo na kulisha mifugo. Zipo chemchemi za maji. Na pembeni umezungukwa na ukuta wa majabali ambao hupandika kwa njia chache nyembamba. Watu wachache wenye mawe na mikuki waliweza kuzilinda njia hizo dhidi ya jeshi kubwa. Wandebele wa Mzilikazi walioshambulia mwaka 1831 walirudishwa nyuma. Na walipokuwa wakiondoka na njaa, Moshoeshoe aliwapelekea ng'ombe wawe chakula chao cha njiani. Hawakurudi tena kupigana naye.

Hata hivyo mlima peke yake haujengi taifa. Watu waliotawanywa na vita walimjia kutoka koo na lugha mbalimbali, naye aliwapokea. Kwa desturi ya mafisa aliwakopesha ng'ombe: mkopaji alikunywa maziwa na kulimia, ilhali ng'ombe walibaki mali ya mkopeshaji. Hivyo asiye na kitu alipata riziki, na mtawala akapata raia. Mwaka 1833 aliwakaribisha wamisionari Wafaransa, Eugène Casalis, Thomas Arbousset na Constant Gosselin, akawatumia pia kama washauri na waandishi wa barua katika mambo ya nchi za nje. Kadhalika alikusanya farasi na bunduki, kwa kuwa alikwisha kuona adui ajaye ni wa namna gani.

Adui huyo alikuja kutaka ardhi. Makaburu waliokuwa wakihama kutoka koloni la Rasi walikaa katika tambarare zenye rutuba za magharibi ya mto Caledon, na mwaka 1849 Waingereza walichora mpaka uliowapunguzia Wasotho nchi. Desemba 1852 Gavana Cathcart alidai ng'ombe 10,000 na farasi 1,000, na alipoletewa sehemu tu akashambulia. Jeshi lake lilikabiliwa vikali likarudi nyuma. Moshoeshoe, badala ya kujitapa, alimwandikia usiku uleule barua ya kuomba amani, akampa adui yake njia ya kuondoka bila aibu.

Mwaka 1854 Waingereza waliondoka, Makaburu wakaunda Dola Huru ya Orange. Vita vya mwaka 1858 Wasotho walivimudu. Vile vilivyoanza 1865 viliwaumiza sana. Kamanda Louw Wepener aliuawa akijaribu kuupanda Thaba Bosiu, na mlima haukutekwa. Lakini mashamba ya chini yalichomwa, na njaa ikafanya yale ambayo bunduki zilishindwa. Mwaka 1866 Moshoeshoe alilazimika kutia sahihi mkataba uliotoa sehemu kubwa ya ardhi ya kilimo. Hapo akaona njia moja tu iliyosalia, akaomba ulinzi wa Uingereza, naye akakubaliwa tarehe 12 Machi 1868. Mapatano ya Aliwal North ya mwaka 1869 yaliuweka mto Caledon kuwa mpaka wa magharibi. Ng'ambo yake ikapotea. Alifariki tarehe 11 Machi 1870, akazikwa juu ya mlima wake.

Basi swali la wanafunzi limepata jibu. Nchi ile ipo kwa sababu watu walipata ngome na kiongozi. Ina umbo lile kwa sababu waliokoa milima wakapoteza tambarare. Kwa kuwa tangu 1884 Uingereza iliitawala moja kwa moja, haikuingizwa katika Muungano wa Afrika Kusini mwaka 1910, na tarehe 4 Oktoba 1966 ilipata uhuru wake.

Kwa darasa twapendekeza hatua tatu. Kwanza, wanafunzi wafinyange Thaba Bosiu kwa udongo, kisha waulizwe wao wenyewe wangeulinda vipi na wangekula nini mwezi wa tatu wa kuzingirwa. Pili, wachore mipaka ya 1849, 1866 na 1869 katika ramani moja kwa rangi tofauti, waone nchi inavyopungua. Tatu, wajadili kama Moshoeshoe alitenda vema kuomba ulinzi wa dola ya kikoloni. Mwalimu asiwape jibu. Wapo watakaosema aliuza uhuru, wapo watakaosema aliokoa watu ili wajukuu waje kuudai. Mwanafunzi anayeweza kutetea upande wake huku akionyesha kwa kidole mto, mlima na shamba lililochomwa, huyo amejifunza historia na jiografia kwa pamoja.