Tutankhamun na Hirizi Zake

Yapata miaka 3,300 iliyopita nchi ya Misri ilitawaliwa na mfalme aliyekuwa bado mtoto. Jina lake la kwanza lilikuwa Tutankhaten, kwa heshima ya Aten, ndiyo duara ya jua. Farao Akhenaten, ambaye yamkini ndiye baba yake, alikuwa ameiacha miungu ya wazee akaamuru Aten peke yake aabudiwe. Mtoto huyu aliketi katika kiti cha enzi akiwa na umri wa miaka 8 au 9, umri ambao wengi wenu mmekwisha kuupita. Katika siku zake ibada ya Amun ikarudishwa, naye akabadilishwa jina, akawa Tutankhamun.

Akamwoa Ankhesenamun, binti Akhenaten. Watoto wawili wa kike, wadhaniwao kuwa wake, walizaliwa wafu, nao wakazikwa pamoja naye. Wataalamu waliopima maiti yake walitangaza mwaka 2010 ya kuwa aliugua malaria. Alikufa yapata mwaka 1323 kabla ya kuzaliwa Kristo, naye hajatimiza miaka 20, wala hakuacha mrithi.

Basi makuhani wakamtengeneza kwa safari. Wamisri waliamini ya kuwa njia ya wafu ina adui wengi, na maiti isiyo na kinga yaweza kupotea kabisa. Kwa hiyo walipoufunga mwili wake kwa sanda za kitani, kila tabaka walitia hirizi na mapambo, hata jumla ikapata vitu 143. Palikuwa na jicho la Horus, liletalo uzima. Palikuwa na sanamu za yule mdudu aviringishaye mavi, maana walimfananisha na jua lizaliwalo upya kila asubuhi. Dhahabu waliihesabu kuwa nyama ya miungu, kwa kuwa haishiki kutu. Chini ya kichwa waliweka mto mdogo wa chuma, na pajani jambia, ambalo chuma chake kilitoka katika jiwe lililoanguka kutoka mbinguni; jambo hili lilithibitishwa mwaka 2016. Siku zile chuma kilikuwa adimu kuliko dhahabu.

Kisha wakammiminia mafuta matakatifu, ndoo kwa ndoo. Hapa ndipo lilipotokea jambo la kusikitisha. Mafuta yale yaliyokusudiwa kumlinda yaliuunguza mwili kidogo kidogo, yakagandamana nao kama lami, hata ukashikamana na jeneza la dhahabu lenye uzito wa kilo 110.

Wezi waliingia kaburini mapema, wakaiba vyombo na marhamu, lakini kwenye jeneza hawakufika. Pete nane za dhahabu walizozifunga katika kitambaa waliziacha nyuma, labda kwa haraka ya kukimbia. Baadaye mlango ukafunikwa na vifusi, na jina la mfalme likasahauliwa.

Tarehe 4 Novemba 1922 watu wa Howard Carter waligundua ngazi ya kaburi hilo. Maiti ilifunguliwa mwaka 1925. Kwa sababu ya yale mafuta haikuweza kutolewa ikiwa nzima. Walitumia visu vilivyotiwa moto, na viungo vikakatwa ili mapambo yatoke. Hirizi, isipokuwa chache, zikapelekwa Cairo. Mwaka 1926 mwili ukawekwa katika sinia ya mchanga, ukarudishwa kaburini mwake.